Uzi: Benki ikianza kuinadi nyumba yako, mahakama inaweza kukusaidia wapi, na wapi haiwezi

Assalamu alaykum ndugu zangu, na hamjambo nyote.

Nimekuwa karani katika ofisi ya mawakili hapa Mombasa mjini kwa miaka mingi. Mimi si wakili, na ninayoyaandika hapa hayachukui nafasi ya wakili. Hata hivyo nimezibeba faili za wakopaji wengi hadi kwenye masjala ya Mahakama Kuu, nimeketi nyuma ya chumba cha mahakama nikisikiliza maamuzi yao, na nimeona nyumba zikiokolewa na nyingine zikienda. Tofauti kati ya hizo mbili mara nyingi haikuwa ukubwa wa deni, bali siku ambayo mwenye nyumba aliinuka na kutafuta msaada.

Mteja wa kawaida hutujia Alhamisi jioni. Mkononi ana ukurasa wa gazeti uliokunjwa mara nne, tangazo la dalali limezungushiwa kalamu, na mnada ni Jumanne asubuhi. Ukimuuliza ilani za benki ziko wapi, atakwambia hakupata hata moja. Ukiendelea kuzungumza naye kwa upole, utagundua kwamba bahasha zipo, ziko juu ya kabati, na mbili kati yake hazijafunguliwa. Simlaumu, kwa sababu barua ya deni inatisha na mtu huogopa kuifungua mbele ya watoto. Lakini bahasha hizo ndizo zilizobeba haki zake.

Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 haikuipa benki ruhusa ya kulala na kuamka ikiuza. Kifungu cha 90 kinasema kwamba mkopaji akishapitisha mwezi 1 bila kulipa, benki inaweza kumpa ilani ya maandishi inayoeleza kosa ni lipi, ni kiasi gani kinachotakiwa ili kosa hilo lirekebishwe, na muda wa kulipa usiopungua miezi 3. Ilani hiyo hiyo inatakiwa kumweleza kwamba ana haki ya kwenda mahakamani kuomba nafuu. Muda huo ukiisha bila malipo, na benki ikaamua kuuza, kifungu cha 96 kinaitaka itoe ilani ya pili, ya kuuza, na isubiri siku 40 zipite tangu ilani ifike. Baada ya hapo ndipo anaingia dalali, naye ana kanuni zake za mwaka 1997, ambazo zinamtaka ampe mwenye mali siku zisizopungua 45 za kuikomboa, na baada ya siku hizo kupita asifanye mnada kabla ya siku 14 tangu tangazo la kwanza gazetini.

Jumlisheni wenyewe. Tangu mtu aliposhindwa kulipa hadi nyundo inapogonga, kama kila hatua imefuatwa kwa mpangilio huo, ni zaidi ya miezi 7. Anayetujia siku 5 kabla ya mnada ametumia karibu muda wote aliopewa na sheria, tena ameutumia kwa wasiwasi, bila kufaidika nao.

Nitawaeleza kisa cha nyumbani kwetu, kwa idhini ya mwenyewe. Shemeji yangu, mume wa dada yangu, aliweka rehani nyumba yao ya Kisauni ili anunue lori la kubeba makontena kutoka bandari ya Kilindini. Biashara ilikwenda vizuri hadi mizigo ilipoanza kuelekezwa kwenye reli ya SGR, lori likawa linashinda limeegeshwa, na malipo ya mwezi yakaanza kuchelewa, kisha yakakoma. Benki sitaitaja. Siku aliyoniletea karatasi zake tulizitandika zote juu ya mkeka sebuleni, tukazipanga kwa tarehe, na dada akawa anasoma tarehe kwa sauti huku mimi nikihesabu siku kwenye kalenda ya ukutani.

Shemeji alikuwa na hakika kwamba kinga yake ni ilani ya kwanza, kwa sababu ilitumwa kwenye sanduku la posta aliloliacha miaka mingi nyuma. Hoja hiyo haikumfaa. Anwani ile ndiyo iliyoandikwa kwenye hati ya rehani, naye hakuwahi kuiarifu benki kwa maandishi kwamba ameihama, na benki ilikuwa na stakabadhi ya posta kuthibitisha kwamba ilituma. Ni kweli kwamba mkopaji akikana kupokea ilani, mzigo wa kuthibitisha unaiangukia benki, lakini ikishaleta ushahidi wa kutuma kwenye anwani mliyokubaliana, mzigo huo unarudi kwako. Tafadhali, yeyote mwenye mkopo aliyehama mtaa, aandike barua leo hii na abaki na nakala yenye muhuri wa benki.

Kilichomsaidia ni jambo ambalo hakulifikiria hata kidogo. Dada yangu alikuwa ametia saini ya kuridhia rehani ile, kwa kuwa ni nyumba ya ndoa, na kifungu cha 96 kinataka nakala ya ilani ya kuuza ipelekwe pia kwa mke au mume aliyetoa ridhaa yake. Hakupelekewa. Tena ripoti ya mthamini iliyotumika kuweka bei ya chini ya mnada ilikuwa na umri wa zaidi ya miezi 12, wakati kanuni za madalali zinataka isizidi umri huo. Jaji alisimamisha mnada hadi benki ianze upya kwenye ilani ya siku 40, akamwamuru shemeji aendelee kulipa kiasi fulani kila mwezi. Hakumfutia hata senti moja. Alichompa ni muda, na katika muda huo shemeji aliuza kiwanja chao kingine kwa bei ya maelewano, akamaliza deni kabla ya ilani mpya kuiva.

Ninalisisitiza hilo kwa sababu wengi huingia mahakamani wakitarajia deni lifutwe. Kasoro ya ilani haiui deni. Benki itarekebisha kasoro na kurudi, na kama muda huo hukuutumia kutafuta pesa au mnunuzi, utakutana nayo mlango ule ule ukiwa na riba kubwa zaidi na gharama za kesi juu yake.

Sasa nizungumzie amri yenyewe ya zuio, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha mnada. Mahakama zetu bado zinapima maombi haya kwa kipimo cha shauri la Giella na Cassman Brown la mwaka 1973. Kwanza uonyeshe kwamba kesi yako, kwa kuitazama tu, ina msingi na inaweza kufaulu. Pili uonyeshe kwamba mnada usipozuiliwa utapata hasara ambayo fidia ya pesa haiwezi kuiponya. Tatu, jaji akibaki na shaka, atapima ni upande upi utakaoumia zaidi. Msingi wa kesi ukikosekana, hayo mengine mawili hayakubebi.

Kipimo cha pili ndicho kinachowaangusha watu wetu. Mtu husimama na kusema hii ni nyumba aliyozaliwa baba yangu, makaburi ya wazee yako nyuma ya ukuta, nami ninaamini kila neno lake. Jibu la mahakama, mara nyingi, ni kwamba siku ulipoiweka rehani uliifanya kuwa bidhaa yenye bei, na yenye bei inaweza kulipwa fidia. Ni jibu gumu, na sijalizoea mpaka leo. Kwa hiyo jenga hoja yako juu ya ilani, juu ya ridhaa ya mwenzi, juu ya uthamini na juu ya hesabu, halafu uchungu wako uje nyuma ya hayo.

Kuhusu hesabu, nitakaa hapo kidogo, kwa kuwa malalamiko mengi yanatoka huko. Kusema tu kwamba kiasi kinachodaiwa si sahihi hakusimamishi mnada. Mahakama zimerudia mara nyingi kwamba ubishi juu ya kiasi si sababu ya kuizuia benki, isipokuwa uwe tayari kulipa kile unachokubali kwamba unadaiwa, na wakati mwingine kuweka mahakamani hata kile unachobishania. Lakini kuna hoja moja ya hesabu yenye nguvu. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kilichoanza kutumika mwaka 2007, kinaweka ukomo wa riba kwa mkopo ulioharibika. Kama siku mkopo ulipoacha kulipika salio la mkopo lilikuwa shilingi milioni 3, basi riba inayoweza kudaiwa baada ya hapo haizidi milioni 3 nyingine, ukiongeza gharama halali za ufuatiliaji. Mkopo ukifufuka kwa malipo kisha ukaharibika tena, hesabu huanzia pale ulipoharibika mara ya mwisho, na riba inayotokana na amri ya mahakama haifungwi na ukomo huo. Omba taarifa kamili ya akaunti tangu siku ya kwanza, mpe mhasibu aipitie, na ukiona deni limepita mara mbili ya salio la siku mkopo ulipoharibika, hiyo ni hoja ya kupeleka mbele ya jaji ikiwa na tarakimu.

Pia mwaka 2024 Mahakama ya Juu iliamua kwamba kifungu cha 44 cha sheria hiyo, kinachoitaka benki ipate idhini ya waziri kabla ya kuongeza viwango vya ada zake, kinagusa riba vilevile. Wale ambao riba yao ilipandishwa katikati ya mkopo wamwonyeshe wakili barua walizoandikiwa wakati ule.

Mchangiaji, Likoni:
Ahsante sana ndugu kwa darasa hili. Mimi ninalipa kidogo kidogo, nimekwama lakini sijakata tamaa, na ilani ya miezi 3 niliipata mwezi uliopita. Sina kasoro yoyote ya kuishika benki, ilani yao ni sahihi na ilinifika mkononi. Je, mahakama ina lolote kwa mtu kama mimi, au ni kwa waliokosewa pekee?

Mwanzisha uzi:
Ndugu yangu wa Likoni, swali lako ndilo nililotamani mtu aulize, kwa kuwa vifungu vinavyokuhusu wewe havitumiki sana na watu wetu. Kifungu cha 103 cha Sheria ya Ardhi kinamruhusu mweka rehani kuomba nafuu wakati wowote baada ya kupewa ilani ya kwanza, haimlazimu asubiri mnada. Mwenzi wa ndoa anaweza kuomba pia kama nyumba ni ya ndoa. Tena sheria inasema kuomba nafuu si kukiri kwamba ulikosea wala si kukiri kwamba ilani zote zilikufika, kwa hiyo huna cha kupoteza kwa kutangulia. Na kifungu cha 104 kinampa jaji uwezo mpana: anaweza kuahirisha au kusitisha hatua ya benki kwa muda anaouona wa haki, anaweza kukuongezea muda wa kutimiza masharti, anaweza hata kubadilisha njia ambayo benki imeichagua kwa njia nyingine.

Lakini uende na mpango ulioandikwa. Nimeona ombi likiambatanishwa na taarifa za M-Pesa na benki za mwaka mzima, barua ya mwajiri, nakala za barua 3 ambazo mkopaji aliiandikia benki akiomba kupangiwa upya malipo, na mkataba wa awali wa mtu aliyetaka kununua sehemu ya kiwanja. Jaji akiona karatasi kama hizo anamwona mtu anayetafuta njia. Anza na benki yenyewe, kwa maandishi, na lipa unachoweza hata kama ni kidogo, huku ukitunza kila risiti. Mahakama ya Mombasa pia ina utaratibu wa usuluhishi unaosimamiwa na mahakama, na kesi za mikopo zimewahi kumalizikia huko kwa maelewano ya malipo ya awamu.

Mchangiaji, Mtopanga:
Assalamu alaykum. Mume wangu alichukua mkopo kwa hati ya nyumba tunayoishi na watoto, na mimi sikuwahi kutia saini popote. Nimejua juzi dalali alipobandika karatasi kwenye lango. Nimesikia kwamba nikisema sikuridhia, kila kitu kinabatilika. Ni kweli?

Mwanzisha uzi:
Wa alaykum salaam dada yangu, na pole sana. Sheria inasema wazi, kifungu cha 79, kwamba rehani juu ya nyumba ya ndoa ni halali pale tu ambapo mwenzi ametia saini au kuna ushahidi kwamba aliridhia. Kwa hiyo hoja yako ni nzito. Hata hivyo si neno la kusema tu. Majaji wamewaona wake na waume wengi wakijitokeza siku mbili kabla ya mnada wakidai hawakujua, kumbe walikwenda benki pamoja, na sasa wanachunguza kwa makini.

Leo hii, usingoje kesho, tafuta cheti chako cha nikaha, na kitu kinachoonyesha kwamba unaishi hapo, kama bili za umeme na maji au barua za shule za watoto. Wakili wako aombe benki nakala ya hati ya rehani pamoja na hati yoyote ya kiapo iliyoambatanishwa, kwa maana mara nyingine utakuta kuna ridhaa yenye saini inayodaiwa kuwa yako, na mara nyingine utakuta mume aliapa kwamba hana mke. Kama kuna saini na si yako, piga ripoti polisi na mtaalamu wa mwandiko aitazame. Useme ukweli wote kwenye kiapo chako, hata ule unaokuumiza, kwa kuwa zuio ni nafuu ya uadilifu na mahakama haimpi aliyeficha jambo. Kama pesa za mkopo zilijenga ghorofa mnayoishi, ni wewe uliseme kabla benki haijalisema.

Mchangiaji, Changamwe:
Mimi sikuweka nyumba, niliweka lori. Na jirani yangu wa Majengo ana nyumba bila ardhi, anataka kujua naye yuko wapi katika haya. Swali la mwisho, tunakwenda mahakama ipi?

Mwanzisha uzi:
Kaka, gari halina zile ilani ndefu za ardhi. Rehani ya mali inayohamishika inaongozwa na sheria ya mwaka 2017, benki inasajili haki yake kwenye daftari la kielektroniki, na ukishindwa kulipa inakupa ilani ya maandishi kabla ya kulichukua na kuliuza. Siku ni chache na gari likishaingia yadi linaanza kuhesabiwa gharama za kuegeshwa, kwa hiyo siku ya kwanza ya ilani ndiyo siku ya kumwona wakili.

Jirani yako wa Majengo, kwa kuwa anamiliki kuta na paa huku ardhi ikiwa ya mtu mwingine anayemlipa kodi ya kiwanja, hana hatimiliki ya kuweka rehani ya ardhi. Huenda mkopo wake hauna dhamana ya nyumba kabisa, na hapo benki lazima imshtaki kwanza. Akipokea hati ya kuitwa mahakamani asiiweke juu ya kabati. Ana siku zilizoandikwa kwenye hati hiyo, kwa kawaida 15, za kujitokeza, na siku 14 baada ya hapo za kuleta utetezi. Akinyamaza, hukumu inatolewa bila yeye, na kuiondoa ni kazi. Hata ikishatolewa kwa haki, anaweza kuiomba mahakama imruhusu kulipa kwa awamu, na madalali hawaruhusiwi kubeba nguo zinazohitajika, vyombo vya kupikia wala vitanda vya familia yake.

Kuhusu mahakama, kosa hili nimeliona likiwagharimu watu. Kwa kuwa ni jambo la nyumba, wengi hukimbilia Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Mwaka 2017 Mahakama ya Rufaa iliamua kwamba mzozo wa mkopaji na benki juu ya rehani, hesabu na uuzaji unasikizwa na Mahakama Kuu, kwa kuwa msingi wake ni mkopo na si matumizi ya ardhi. Ukifungua kesi pasipostahili, benki itainua pingamizi, zuio litaanguka, na mnada utatangazwa tena wakati wewe unaanza mwanzo. Kwa lori lako, thamani ndiyo inayoamua, na hakimu mkuu anaweza kusikiliza madai hadi shilingi milioni 20.

Na ukipata zuio la dharura bila benki kusikizwa, ujue halizidi siku 14 kabla ya pande zote kuitwa. Wapo waliopata karatasi ile, wakarudi nyumbani wakidhani yameisha, hawakuipeleka kwa dalali wala hawakufika siku ya kusikizwa. Chukua nakala yenye muhuri, mpelekee dalali na benki siku hiyo hiyo, na watie saini ya kupokea.

Mchangiaji, Mtopanga:
Nimepata cheti cha nikaha na bili za umeme za miaka 4. Mnada umewekwa wiki mbili zijazo. Je, ikiwa wakati tunaendelea na haya nyumba itauzwa, ninaweza kuirudisha?

Mwanzisha uzi:
Dada, nyundo ikishagonga, haki ya kuikomboa imekwisha, na sheria inamlinda sana mnunuzi aliyenunua kwa nia njema. Kinachobaki kwa aliyeonewa mara nyingi ni kudai fidia kwa benki. Kuna mlango mwembamba kwenye kifungu cha 97: nyumba ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, inachukuliwa kwamba benki imekiuka wajibu wake wa kutafuta bei nzuri hadi ithibitishe vinginevyo, na mahakama inaweza kuombwa kuubatilisha uuzaji. Usiutegemee mlango huo. Na kabla ya siku hiyo, hadi mkataba wa kuuza ufikiwe, mume wako bado ana haki ya kulipa deni lote na kuisimamisha benki.

Wiki mbili zinatosha kama zitaanza leo. Ofisi nyingi za mawakili mjini zinafunguliwa kesho asubuhi. Nenda na cheti, bili, picha ya karatasi iliyobandikwa kwenye lango pamoja na tarehe uliyoiona, na kama mumeo yuko tayari, nenda naye. Utuandikie hapa tarehe utakayopangiwa.